Mertesacker: kasi ilikuwa kichwani, na maumivu humo humo

Jumamosi ya Mei 27, 2017, vikosi vya fainali ya Kombe la FA vilipotokea kwenye skrini ya kibanda umiza cha mtaani kwetu, Tanga, mashabiki wa Chelsea walishangilia mapema. Kikosi chao wala hawakukitazama. Walishangilia jina la beki wa kati wa Arsenal. "Babu kafufuka!" akapiga kelele mmoja aliyekalia kreti la soda. "Hazard leo anajipigia tu." Jirani yangu kwenye benchi, mtu mzima aliyeanza kuipenda Arsenal enzi za Kanu, alivua kofia akaiweka magotini kama aliyefika msibani. "Mdogo wangu," akaniambia, "leo tumekwisha."

Hofu yake ilikuwa na msingi. Per Mertesacker alikuwa na miaka 32 na urefu wa mita 1.98, na msimu ule mzima hakuwa ameanza mechi hata moja. Goti lilikuwa limemsaliti Julai 2016 kwenye mechi ya kirafiki dhidi ya Lens, na tangu hapo unahodha wake ulikuwa wa kukaa jukwaani amevaa suti. Dakika zake pekee za ligi alizipata siku sita kabla ya fainali, dhidi ya Everton, tena kwa bahati mbaya ya wenzake: Koscielny alipewa kadi nyekundu mapema, kisha Gabriel akaumia. Mustafi naye hakuwa fiti. Kwa hiyo kocha wa Arsenal, Arsène Wenger, akaenda Wembley na mabeki watatu nyuma ambao ukiwasoma kwenye karatasi unaweza kulia. Kulia alikuwepo Rob Holding, kijana wa miaka 21. Kushoto Nacho Monreal, ambaye kwa asili ni beki wa pembeni. Katikati, mzee aliyetoka wodini. Mbele yao Chelsea ya Antonio Conte, bingwa wa ligi kwa pointi 93, ikiwa na Hazard, Pedro na Diego Costa.

Arsenal ilishinda 2-1. Alexis Sánchez alifunga dakika ya 4, Costa akasawazisha dakika ya 76 wakati Chelsea wameshabaki kumi baada ya Victor Moses kutolewa, na Ramsey akajibu dakika tatu tu baadaye. Mabao yaligawanywa kwa watu wengine, ila pale kibandani kila aliyetoka alikuwa na jina moja mdomoni. Mpira ukipigwa nyuma ya mabeki, Mjerumani alikuwa ameshafika. Krosi ikiingia, kichwa chake kilikuwa juu ya vichwa vyote. Costa akigeuka, anakuta mguu mrefu umetangulia pale alipotaka kuupeleka mpira. Ilipofika kama nusu saa ya mchezo niligeuka kumtazama jirani yangu. Kofia ilikuwa imerudi kichwani.

Mechi ile huwa naikumbuka kila ninaposikia watu wakibishana kuhusu mabeki, maana siku hizi mjadala wenyewe umekuwa wa mbio tupu. Beki anapimwa kwa kilomita kwa saa, kama pikipiki. Hata wanaompenda Mertesacker humsifu kwa namna ya kumhurumia: alikuwa mzuri *ingawa* alikuwa mzito. Mimi nauona uzito ule kama mwalimu wake. Kwa kuwa miguu haikuweza kumwokoa, alilazimika kuiona hatari kabla haijazaliwa, na hilo alilifanya vizuri kuliko mabeki wengi wa kizazi chake waliomzidi mbio. Ila kuna bei yake, na kwa miaka mingi hakuna aliyeijua isipokuwa yeye mwenyewe: kichwa kilichozoea kuona hatari mapema hakizimwi kama redio mechi ikiisha. Kiliendelea kuiona usiku, asubuhi, na ndani ya basi la timu.

Alizaliwa Hannover Septemba 29, 1984, na kukulia Pattensen, mji mdogo jirani, ambako baba yake alikuwa akifundisha soka katika klabu ya hapo. Hakuwa mtoto wa ajabu ambaye maskauti wanamkimbilia akiwa na miaka kumi. Hannover 96 walimchukua mwaka 1995 na kumlea taratibu, mpaka Novemba 2003 alipocheza mechi yake ya kwanza ya Bundesliga, ugenini kwa FC Köln. Kutoka hapo mambo yalikwenda kwa kasi ambayo miguu yake haikuwahi kuwa nayo. Oktoba 2004, mwaka haujatimia, Jürgen Klinsmann alimwingiza timu ya taifa kwenye mechi dhidi ya Iran mjini Tehran. Alikuwa ametimiza miaka 20 siku kumi tu zilizopita.

Jambo moja la miaka ile halisemwi sana. Ujerumani wakati huo kijana aliyekataa kwenda jeshini alilazimika kufanya kazi ya jamii, na Mertesacker alipangiwa hospitali ya wagonjwa wa akili karibu na Hannover. Beki wa Bundesliga, jina linaanza kutajwa kwenye redio, anaamka kwenda kuhudumia watu ambao vichwa vyao vimewalemea. Sitaki kuigeuza habari hii kuwa unabii. Lakini mtu akishaona kwa macho yake kwamba akili nayo huugua kama goti linavyougua, ni vigumu baadaye kumdanganya kuwa wanasoka wameumbwa kwa chuma.

Hannover ndiko pia alikocheza mbele ya kipa Robert Enke, aliyejiunga na klabu hiyo mwaka 2004. Hilo nitalirudia.

Baada ya Kombe la Dunia la 2006, walilomaliza wa tatu nyumbani kwao, alihamia Werder Bremen. Pale alikaa miaka mitano, akachukua Kombe la Ujerumani mwaka 2009, na kuzoea kucheza kwenye timu inayoshambulia kana kwamba mabeki ni watu wa kukodi. Ni Bremen iliyomkomaza, ingawa ukweli ni kwamba watu wengi wa huku kwetu hawakumjua mpaka ile siku ya mwisho ya dirisha la usajili, Agosti 31, 2011.

Siku tatu kabla yake, Arsenal ilikuwa imepigwa 8-2 Old Trafford. Nani asiyekumbuka? Kesho yake mashabiki wa Manchester United walikuwa wanaagiza chai kwa namba: "Nipe chapati mbili, maharage nane." Wenger akaingia sokoni kama mama aliyekumbushwa saa kumi na moja jioni kuwa ana wageni usiku, akarudi na Mikel Arteta, André Santos, Yossi Benayoun wa mkopo na huyu mrefu kutoka Bremen. Ligi ya Uingereza ikampokea inavyowapokea wote. Septemba 17 timu ikalala 4-3 kwa Blackburn, mbili kati ya zile nne Arsenal wakijifunga wenyewe, na hukumu ikapita: ni mzito, ligi hii itamla. Februari 2012 akaumia kifundo cha mguu kwenye uwanja wa Sunderland, msimu ukaisha. Kwenye Euro ya mwaka ule alikwenda, lakini hakucheza hata dakika moja. Nafasi yake alikuwa ameichukua Mats Hummels, beki mwenye maringo na pasi ndefu, mtu ambaye hata kumtazama tu unajiona mzito.

Hapa inafaa kueleza kazi yenyewe, kwa sababu tunaotazama kwenye televisheni huufuata mpira, na beki wa aina hii kazi yake inafanyika mahali ambapo mpira haujafika. Tuseme kiungo wa wapinzani amepata mpira katikati ya uwanja na straika wao anakuvizia begani. Beki mwenye mbio anaweza kusubiri aone pasi inakwenda wapi. Akikosea hatua moja, mbio zitamlipia deni. Asiye na mbio hakopesheki. Anatakiwa awe amesharudi nyuma hatua mbili mpira ungali mguuni mwa mpigaji. Mwili wake unakaa upande, si uso kwa uso, ili asihitaji kugeuka. Macho yanahesabu mambo matatu: bega la mpigaji, pengo kati yake na beki mwenzake, na mahali kipa aliposimama. Na halali chini ovyo, maana mtu wa mita 1.98 akishalala, kuinuka ni safari. Mtazame Mertesacker kwenye mechi yoyote ya zamani. Mikono yake haitulii: anamsogeza huyu, anamrudisha yule, kama trafiki kwenye makutano ambayo taa zimekufa. Usipomtazama kwa makini utadhani hafanyi kitu.

Ndiyo maana alihitaji mwenzake wa kinyume chake, na akampata. Laurent Koscielny alikuwa mwepesi na mwenye hasira, beki wa kutoka mbele ya straika na kuunyakua mpira kabla haujatulia. Yeye anatoka, Mertesacker anafukia shimo nyuma yake. Hawakuunganishwa kwa mpango wa busara bali kwa hofu. Machi 2013, baada ya kufungwa 2-1 na Tottenham, Wenger alimweka benchi nahodha wake Thomas Vermaelen na kuwapa wawili hawa timu. Siku chache baadaye Arsenal wakaenda Munich na kuifunga Bayern 2-0, ile Bayern iliyokuja kubeba kila kitu mwaka ule. Kwenye ligi zilibaki mechi kumi. Walishinda nane, wakatoka sare mbili, na kuipiku Tottenham kwa pointi moja kwenye nafasi ya nne. Ile ya Fulham ilimalizika 1-0, na bao lilikuwa la kichwa cha Mertesacker. (Tusipambe kupita kiasi: katikati ya mbio hizo alipewa kadi nyekundu pia, ugenini kwa West Brom.)

Msimu uliofuata ulitoa ushahidi wa pande zote mbili, na anayemtetea bila kuutaja upande wa pili anadanganya. Timu iliongoza ligi kwa wiki nyingi. Halafu ikapigwa 6-3 na Manchester City, 5-1 na Liverpool, 6-0 na Chelsea. Katika vipigo vyote hivyo picha ilikuwa moja: Arsenal wamepanda juu wote, mpira unapotea katikati, na Mertesacker anageuka kuanza mbio ambazo kila mtu uwanjani anajua ameshazishindwa. Aliachwa kwenye mataa. Wapo wanaosema hiyo ndiyo sura yake halisi na hizo nyingine ni hadithi. Nawauliza: ni beki gani duniani, mwenye mbio au asiye nazo, anayepona timu yake ikipoteza mpira katikati watu wanane wakiwa mbele yake? Koscielny alikuwa na mbio, naye alifungwa mengi ya mabao yale yale. Kilichotokea ni kwamba mwenye mbio akishindwa tunamlaumu kocha, na mzito akishindwa tunailaumu miguu yake.

Siku ya 6-3 ilikuwa na kipande kingine. Mechi imekwisha pale Manchester, wachezaji wanakwenda kuwashukuru mashabiki waliosafiri, Mesut Özil anaelekea moja kwa moja kwenye vyumba. Mertesacker alimfokea hadharani, mikono hewani, uso mwekundu. Özil, Mjerumani mwenzake, mchezaji ghali kuliko wote pale klabuni, baadaye aliomba radhi. Mertesacker ndiye pia aliyeshika daftari la faini: umechelewa mazoezini, unalipa, simu imeita pasipotakiwa, unalipa. Kila timu, hata ya mtaani, ina mtu wa namna hii, na mara nyingi si mwenye kipaji kikubwa. Ni yule ambaye kitu kikienda kombo hulala nacho.

Aprili 2014 Wembley, nusu fainali ya Kombe la FA dhidi ya Wigan, timu ya daraja la pili. Mertesacker anamwangusha Callum McManaman ndani ya boksi. Penalti, bao, Arsenal wako nyuma, na ukame wa miaka tisa bila kombe unakaribia kuwa wa kumi kwa mguu wake yeye. Dakika ya 82 mpira unaanguka karibu na lango, na anayeinama kuusukuma kwa kichwa ni yeye yule. Hakushangilia kwa mbwembwe. Alionekana kama mtu aliyetolewa majini. Arsenal wakapita kwa penalti, na mwezi uliofuata wakachukua kombe mbele ya Hull City, 3-2, wakitokea nyuma kwa mabao mawili. Mwaka mmoja baadaye, fainali dhidi ya Aston Villa, alikuwa nahodha uwanjani na akafunga bao la tatu kati ya manne.

Katikati ya makombe hayo mawili kulikuwa na Brazil. Ujerumani walianza Kombe la Dunia la 2014 na Mertesacker kikosini kwenye mechi nne za kwanza: Ureno, Ghana, Marekani, kisha Algeria hatua ya 16 bora, Juni 30 mjini Porto Alegre. Huku kwetu ile ya Algeria ilianza saa tano usiku na Afrika nzima ilikuwa macho. Algeria walikuwa wamesoma kila kitu. Waliwaachia Wajerumani mpira, kisha wakawa wanapiga ndefu nyuma ya mabeki wazito waliopandishwa juu, na Islam Slimani anakimbia. Manuel Neuer alitoka nje ya boksi lake mara nyingi hadi ikawa kama kuna beki wa tano aliyevaa glavu. Mechi ilikwenda dakika 120. Schürrle, Özil, halafu Djabou akarudisha moja wakati wa kuaga. 2-1.

Mara tu baada ya filimbi, mtangazaji wa ZDF, televisheni ya Ujerumani, alimwekea Mertesacker kipaza sauti na kumuuliza mbona timu ilikuwa nzito na dhaifu hivyo. Jasho linamtiririka, macho mekundu, mtu mpole yule akalipuka. Alisema hajali, wamefika robo fainali, basi. Akauliza kama mtangazaji anadhani kwenye timu 16 bora kuna timu ya kanivali. Na akamalizia kwamba sasa anakwenda kulala kwenye pipa la barafu siku tatu. Ujerumani ilicheka na kuyageuza maneno yale kuwa utani wa taifa. Mimi pia nilicheka. Ukiitazama video ile leo, ukijua aliyoyasema miaka minne baadaye, kicheko kinakwama. Anayeongea pale hana hasira na mtangazaji. Ni mtu aliyebeba kitu kizito kwa saa mbili, na hata hajakitua anaulizwa kwa nini alikibeba vibaya.

Mechi iliyofuata, dhidi ya Ufaransa, Joachim Löw alimweka benchi. Lahm alirudishwa kulia, Boateng na Hummels wakasimama katikati. Uamuzi ulikuwa sahihi na sioni haja ya kuupinga. Mertesacker aliingia mapumziko kwenye ile 7-1 dhidi ya Brazil, na dakika ya 120 ya fainali Maracanã, kuchukua nafasi ya Özil, ili vichwa virefu viongezeke langoni. Mwezi mmoja baadaye, akiwa na mechi 104 na miaka 29 tu, alistaafu timu ya taifa. Watu walishangaa. Miaka 29 kwa beki wa kati ni ujana.

Na sasa Costa. Januari 2016, Emirates, uwanja wa Arsenal, dakika ya 18, Chelsea wanapiga pasi mpenyezo, Diego Costa anachomoka, Mertesacker anajirusha chini na kumkata. Kadi nyekundu. Dakika tano baadaye Costa huyo huyo akafunga bao pekee la mechi. Baada ya hapo Gabriel akapewa nafasi, kisha likaja goti, na kwa hesabu ya kawaida habari ilikuwa imekwisha. Hii ndiyo sababu ile fainali ya 2017 inanigusa kuliko zote. Hakuwa anarudi uwanjani tu. Alikuwa anarudi kwa mtu yule yule, bila mechi miguuni, mbele ya dunia nzima, na sasa tunajua tumbo lake lilikuwa linafanya nini asubuhi ile.

Tunajua kwa sababu Machi 2018, miezi miwili kabla ya kustaafu, alizungumza na jarida la Der Spiegel. Alieleza kwamba sekunde chache kabla ya mechi kuanza, tumbo lake lilikuwa linapinduka kama la anayetaka kutapika. Alikuwa anageuza uso pembeni na kumeza mate mpaka machozi yamtoke, ili kocha na kamera wasione. Asubuhi ya mechi alikuwa mtu wa chooni. Si mechi moja wala kumi: alizungumzia zaidi ya mechi 500. Na akasema jambo lililowauma Wajerumani kuliko yote. Walipofungwa na Italia kwenye nusu fainali ya 2006 pale Dortmund, alisikitika kama wenzake, lakini zaidi ya masikitiko alihisi kupumua. Imekwisha. Alikuwa na miaka 21. Kuumia nako, alisema, ilikuwa njia pekee iliyokubalika ya kupumzika.

Wengi walimpongeza. Lothar Matthäus, nahodha wa mabingwa wa dunia wa 1990, hakumpongeza. Hoja yake ilikuwa kwamba mtu anayesema shinikizo lilimshinda namna ile atawafundishaje vijana weledi wa mchezo huu, maana ilikuwa imeshatangazwa kuwa Mertesacker ataongoza akademi ya Arsenal. Sitamdharau Matthäus. Alitoka kwenye kizazi kilichofundishwa kuwa anayesema anaumwa anaomba kuachwa. Methali yetu inasema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini katika vyumba vya kubadilishia nguo vya miaka yao, aliyeyasema ndiye aliyeumbuka.

Novemba 10, 2009, Robert Enke, kipa wa Hannover na wa timu ya taifa, alijitoa uhai. Alikuwa ameugua sonona kwa miaka akiificha, kwa hofu ya kupoteza kazi na kila alichonacho. Mechi ya Ujerumani dhidi ya Chile ilifutwa. Mertesacker alikuwa amecheza mbele ya mtu huyu misimu miwili, akamgeukia mara ngapi kwa mechi kumrudishia mpira. Halafu akaendelea kugeuza uso pembeni na kumeza mate kwa karibu miaka tisa mingine. Tukimuuliza kwa nini hakusema mapema, tuanze na yale aliyoambiwa siku aliposema.

Hapa ndipo ninapotofautiana na Matthäus kabisa, na ninapotofautiana na Mertesacker mwenyewe pia. Yeye amejiita hadharani bingwa wa dunia asiye na kipaji. Ni utani mzuri, lakini unanuka unyenyekevu wa kujificha. Mwenye kipaji kidogo hachezi mechi 104 za Ujerumani, hamalizi Arsenal na mechi 221. Kipaji alikuwa nacho, ila kilikuwa mahali ambapo kamera haifiki: ile hofu ya kukamatwa nje ya nafasi, iliyogeuzwa kuwa ramani. Kama angekuwa mtu wa kulala usingizi mnono kabla ya mechi, nadhani angekuwa pia mtu wa kuchelewa hatua mbili zile. Sisemi hili kuitukuza hofu. Ilimla. Nasema tu kwamba tulikuwa tunashangilia matunda ya kitu kilichokuwa kinamtesa, tena tukimzomea kwa kuwa mzito.

Mei 6, 2018, Wenger akiaga Emirates, Arsenal waliifunga Burnley 5-0 na Mertesacker akaingizwa dakika za mwisho. Uwanja uliimba ule wimbo wake wa "Mjerumani mkubwa", wenye tusi katikati nisiloweza kulitafsiri mbele ya wakwe. Kiangazi kile akaingia ofisini kwenye akademi. Alitoka mara moja tu kurudi kwenye benchi la timu kubwa, mwishoni mwa 2019, kumsaidia Freddie Ljungberg baada ya Unai Emery kufukuzwa, kisha akarudi kwa watoto wake. Miezi michache tangu aanze kazi ile, Bukayo Saka alicheza mechi yake ya kwanza ya wakubwa. Tusimpe sifa za Saka, kijana alikuwa ameshalelewa na wengine kabla yake.

Lakini Septemba 18, 2022, ugenini kwa Brentford, Arsenal wakiongoza 3-0 na muda wa kawaida umekwisha, kocha Mikel Arteta, aliyesajiliwa siku moja na Mertesacker, aliinuka na kumwita Ethan Nwaneri, kijana wa akademi ile. Miaka 15 na siku 181, mchezaji mdogo kuliko wote katika historia ya Ligi Kuu ya Uingereza. Mtoto akavua koti, akasimama kwenye mstari kusubiri namba iinuliwe. Kamera ilimvuta uso kwa karibu, na sisi kibandani tukawa tunabishana kama ana mbio.